Diski Shingoni mwa Nyamusi

Kila siku ya shule, kabla umande haujakauka kwenye migomba, Kemuma alikuwa ameshateka maji mara mbili, ameshafagia ua, na miguu ameshaipaka mafuta ikang'aa. Mama yake, Persis, hakuwa mtu wa kuvumilia mtoto mchafu, na mtoto mvivu ndiyo kabisa. Saa moja unusu Kemuma alivuka kijito na kumpitia rafiki yake Nyamusi, aliyelelewa na nyanya yake, mzee Bosibori. Watoto wote wa upande ule walimwita Bosibori magokoro, yaani nyanya, hata wale wasio wa ukoo wake.

Kemuma na Nyamusi walikuwa chanda na pete. Mwaka huo wa 1971 walikuwa darasa la saba, katika shule moja iliyokuwa juu ya soko la Suneka, na njia nzima ya kupanda kilima walipimana Kiingereza.

"Everybody?" Kemuma aliuliza.

"Has!" Nyamusi alijibu. "Everybody has. Hata wakiwa watu mia."

Mwezi huo Mwalimu Zachariah Ombati alikuwa akiwafundisha yale maneno ya Kiingereza yanayomtaja mtu bila kumtaja jina: somebody, anybody, everybody, nobody. Jamani, maneno hayo yaliwatoa watoto jasho! Kwa Kigusii, kama ilivyo kwa Kiswahili, watu wote ni wengi, na wengi huenda na wingi. Sasa mwalimu anakuja kusema kwamba everybody, pamoja na wingi wake wote, huhesabiwa kama mtu mmoja. Na nobody ndiyo iliyokuwa balaa. Wao walizoea kusema mtu hakuja, basi wakaandika nobody did not come, na mwalimu akatia alama nyekundu za kosa ukurasa mzima.

"Nobody yenyewe imeshakana," alisema huku akigonga ubao. "Ukikana tena umeharibu. Sema nobody came, weka kituo, kalamu chini."

Waliolielewa jambo hilo upesi kuliko wote ni Kemuma na Nyamusi. Jaribio lilipofanywa, kila mmoja alipata thelathini na nane kwa arobaini. Na jaribio hilo halikuwa la kawaida. Ijumaa ya wiki iliyofuata palikuwa na mashindano ya sarufi ya Kiingereza mjini Kisii, na kila shule ingepeleka mwanafunzi mmoja tu. Mshindi angepewa kamusi iwe yake mwenyewe. Shule yao nzima ilikuwa na kamusi moja, nayo ilikaa kwenye droo ya Mwalimu Ombati, ikafunguliwa kwa mikono iliyonawa.

Sasa, shuleni hapo palikuwa na sheria: ukiingia langoni, Kigusii kibaki nje. Kulikuwa na kipande cha ubao cha mviringo, kimetobolewa na kutiwa kamba ya katani, wakikiita diski. Aliyesikika akisema Kigusii alivishwa diski shingoni, akatembea nayo mpaka amsikie mwenzake akiteleza, naye amvishe. Kengele ya mwisho ikilia, aliyebaki nayo alifyeka nyasi za uwanja. Sheria ile ilifundisha Kiingereza, sikatai. Ila iliwafundisha watoto pia kuviziana kama paka na panya.

"Nyinyi wawili mmefungana," Mwalimu Ombati aliwaambia Alhamisi. "Kesho kengele ya mwisho ikilia, nitatazama. Mmoja akiwa na diski, mwenzake ndiye atakayekwenda Kisii. Mkiwa safi wote, nitawapa jaribio jingine."

Ijumaa ilipofika, Kemuma aliufunga mdomo wake kama mfuko wa chumvi. Shule siku hiyo ilifungwa mapema, saa nane, kwa kuwa familia nyingi zilikuwa za Waadventista na zilipaswa kujiandaa kwa Sabato. Ilipobaki saa moja tu, darasa la saba likatumwa kupalilia shamba la shule. Kemuma akainua jembe, akashusha, na jembe likatua kwenye kidole chake cha mguu. Akapiga ukelele akimwita mama yake kwa Kigusii, na wanafunzi wote wakageuka.

Onsongo, mvulana mmoja mwenye masikio ya sungura, ndiye aliyekuwa na diski. Alifika mbio, akamvisha.

"Pole na kidole," alisema kwa Kiingereza kilichonyooka. "Na pole na Kisii."

Kemuma aliichomeka diski ndani ya gauni lake. Alihisi ubao ule ukimgusa kifuani kila alipovuta pumzi. Kidole kilivimba, lakini hakuwa na habari na kidole. Kamusi ilikuwa inamponyoka hivi hivi, kwa neno moja la maumivu! Akaanza kuzunguka shambani akitega sikio, lakini siku hiyo kila mtu alijichunga.

Ndipo alipomwona mzee Bosibori akija kando ya ua wa shule, na kibuyu cha uji wa wimbi mkononi. Kila Ijumaa alimletea mjukuu wake uji, kwa sababu Nyamusi alikuwa na kifua kibovu na nyanya yake aliamini wimbi kuliko dawa ya duka. Nyamusi alikuwa upande wa pili wa shamba, ameinama, hajaona kitu.

Kemuma alisimama akafikiri. Kila mtu wa Gusii anajua kwamba mzee akikusalimu, humjibu kwa lugha asiyoielewa. Huo ni utovu wa adabu, na ukifika nyumbani utaulizwa ulikozaliwa ni wapi. Nyamusi angemjibu nyanya yake. Hapakuwa na shaka hata chembe. Nasi tuseme ukweli: Kemuma hakuteleza hapo. Alitazama, akapima, kisha akaenda kwa miguu yake mwenyewe.

"Nyamusi," aliita kwa Kiingereza, tena kwa sauti tamu, "nyanya yako amekuja. Twende."

Bosibori alimsalimu mjukuu wake kirefu, kama ilivyo desturi: ameshindaje, kikohozi kimepoa, masomo yanakwendaje. Nyamusi alipokea kibuyu kwa mikono miwili, akapiga goti kidogo, akajibu kwa Kigusii salamu moja baada ya nyingine. Hajamaliza, Kemuma akaitoa diski ndani ya gauni na kumvika shingoni.

Mzee alikunja uso. "Ni nini hicho mnachomfunga mtoto wangu?"

Nyamusi alifungua mdomo, akaufunga. Akainamisha kichwa, machozi yakamlengalenga, na uji ukamwagika kidogo kwenye vidole vyake. Bosibori alitazama ubao, akamtazama Kemuma, asielewe. Alichoelewa ni kwamba mjukuu wake alikuwa akiongea naye vizuri, kisha akanyamazishwa. Akageuka, akarudi alikotoka polepole, bila kibuyu chake.

Kengele ikalia. Mwalimu Ombati aliwapanga darasani, akaona diski shingoni mwa Nyamusi, akashusha pumzi.

"Nilikuwa namjibu nyanya yangu tu, mwalimu," Nyamusi alisema. "Alikuja na uji."

Mwalimu alikuwa mkali, lakini naye alizaliwa na kulelewa huko huko. Alikuna kidevu. "Kama ni salamu ya mzee peke yake, hilo siwezi kukuadhibu kwalo. Diski itarudi kwa aliyekuvisha. Nani alikuvisha?"

"Kemuma."

"Kemuma, ni kweli? Alimjibu mzee tu?"

Neno 'ndiyo' lilikuwa karibu sana, kwenye ncha ya ulimi wa Kemuma. Akalimeza.

"Hapana, mwalimu. Alikuwa akinihadithia mambo kwa Kigusii kabla nyanya yake hajatufikia."

"Kemuma!" Nyamusi alishtuka.

"Kuna mwingine aliyesikia?" mwalimu aliuliza.

Kemuma alijibu kwa Kiingereza safi, bila kukana mara mbili, kama alivyofundishwa: "Nobody heard, sir."

Mwalimu alitikisa kichwa kukubali. Kemuma hakuwa na sifa ya uongo, na sifa njema ni akiba ambayo mtu huweza kuitumia vibaya. "Basi," alisema. "Nyamusi atafyeka. Kemuma atakwenda Kisii."

Wenzake walimpigia makofi. Nyamusi hakulia wala hakutukana. Alikwenda tu kuchukua fyekeo.

Kemuma alifika nyumbani, akatoa habari. Mama yake alifurahi hadi akamwita jirani. "Sikia mtoto huyu! Anakwenda kushindana Kisii mjini!" Akamchagulia gauni la kuvaa, akaanza kulitia pindo upya kabla jua halijatua na Sabato kuingia. Kemuma alikaa kwenye kigoda akitazama sindano ikiingia na kutoka, na kila sifa aliyopewa ilimchoma.

Kesho yake kanisani, watoto walisimama mbele kutaja amri kumi kwa pamoja. Kemuma alianza vizuri. Walipofika ile inayokataza ushahidi wa uongo, sauti ikamkauka. Midomo ilicheza, hakuna kilichotoka. Nyamusi, aliyesimama mstari wa nyuma, aliitamka amri ile yote kwa sauti ya kawaida, wala hakumtazama. Hilo lilimuuma zaidi. Angetazamwa kwa chuki, angalau angekuwa na cha kukasirikia.

Jumapili mama yake alimpa ungo. "Mrudishie magokoro Bosibori ungo wake, umshukuru. Na umwambie kuhusu Kisii, afurahi."

Alitamani kuukataa, lakini angesema nini? Alivuka kijito kwa miguu mizito. Nyamusi alikuwa ameenda mtoni. Mzee Bosibori alikuwa ameketi nje, akimenya ndizi za kupika, na alipomwona akaangaza uso.

"Karibu, mwanangu, rafiki ya Nyamusi! Keti hapa. Kula hizi mbivu, nimekuwekea."

Kemuma alielewa mara moja. Nyamusi hakuwa amesema chochote juu ya ule uongo. Siku mbili nzima alikaa na jambo lile ndani ya nyumba ile, na hakumchongea. Alipokea ndizi, akauma kidogo tu.

"Umekuja wakati mzuri," mzee aliendelea. "Nina neno nataka unisaidie. Nyamusi nimemwomba, amekataa, anasema tu nisije tena shuleni. Mtoto anaona haya juu yangu, nami simlaumu. Mtoto wa jirani amenieleza sheria yenu; wewe uliishika tu. Nilipofika Ijumaa nilimsemesha kwa Kigusii, akatundikwa ubao kama ng'ombe mwizi wa mahindi. Ni mimi niliyemponza."

"Hapana, magokoro," Kemuma alinong'ona.

"Ni mimi! Lakini mtu hafi na ujinga wake akiwa na mwalimu mlangoni. Nifundishe salamu moja ya Kizungu, ile ya mchana. Nikija na uji niiseme, naye anijibu hiyo hiyo, pasiwe na wa kumshika. Mtoto huyo wa jirani amenifundisha kidogo. Sikiliza." Mzee akaweka kisu chini, akajifuta mikono kwenye kanga, akaketi wima kama mtoto wa darasa la kwanza mbele ya mkaguzi. "Gudi afutanuni. Je, nimesema sawa? Itamtosha mwalimu?"

Bosibori alikuwa na miaka sabini na zaidi. Mikono yake ilikuwa na nyufa za kulima, na midomo ilikuwa bado imejikunja kwenye neno lile gumu, ikingoja kusahihishwa. Kemuma alitaka ardhi ipasuke immeze. Mzee wa watu alikuwa akijitia adabu kwa kosa lisilo lake, na mwenye kosa ameketi mbele yake anakula ndizi zake!

"Umesema sawa," alijibu.

"Basi tena. Gudi afu..."

Wakati huo Nyamusi alitokea na mtungi kichwani. Alisikia, akasimama. "Magokoro, acha," alisema taratibu. "Tafadhali, usijisumbue." Akaingia ndani.

Kemuma aliweka ndizi chini, akakimbia. Alipofika kwenye kijito aliketi juu ya jiwe akalia kwa kwikwi. Alijaribu kujitetea: sheria ni sheria, hakuitunga yeye. Ikakataa. Alijaribu tena: Nyamusi angeweza kukaa kimya. Ikakataa zaidi. Kila alipogeuka aliona midomo ya mzee ikijikunja. Mwishowe alinawa uso, akaenda moja kwa moja kwa mama yake akamweleza yote.

Persis hakumpiga. Aliukata uzi kwenye sindano, akalikunja gauni. "Uongo uliusema mbele ya nani?"

"Mbele ya darasa."

"Basi mimi si darasa," mama yake alisema. "Kesho."

Jumatatu asubuhi, kabla mwalimu hajafungua daftari la mahudhurio, Kemuma alisimama. "Mwalimu, Ijumaa nilisema uongo. Nyamusi alimjibu nyanya yake tu. Mimi ndiye niliyemwita, nikijua atajibu. Diski ilikuwa yangu."

Onsongo aliacha mdomo wazi.

"Wewe ulinijibu kwa sentensi isiyo na kosa hata moja," Mwalimu Ombati alisema hatimaye, kwa sauti ya chini. "Nami nikaitazama sarufi yake, nikasahau kuupima ukweli wake. Keti. Hapana, usiketi. Mwombe mwenzako radhi kwanza."

Kemuma alimgeukia Nyamusi. Maneno mengi aliyoyapanga usiku yalimtoroka. "Nilikuonea," alisema. "Nisamehe."

Nyamusi alitafuna ncha ya kalamu. "Mimi nitakusamehe," alisema. "Lakini bado anafanya mazoezi ya ile salamu. Asubuhi ya leo pia."

Mwalimu alitaka kujua ni salamu gani, na alipoelezwa, alivua miwani akaifuta kwa muda mrefu kuliko ilivyohitaji. Kisha akatoa hukumu. Nyamusi atakwenda Kisii. Kemuma atafyeka uwanja wiki mbili. Kosa lake asimtwike mtu mwingine. "Na mimi nina langu," aliongeza. "Sheria inayomfanya mzee aogope kumsalimu mjukuu wake ina ufa, nami nimeishika miaka minne bila kuuona. Kiingereza tutakisema. Kutundikana mbao kumekwisha."

Jioni hiyo mwalimu na wasichana hao wawili waliteremka hadi kwa Bosibori. Mzee alipomwona mwalimu mlangoni alishtuka, akasimama haraka, akajikohoza. "Gudi..."

Mwalimu Ombati hakumwacha amalize. Aliinama, akampokea mikono yote miwili, akamsalimu kwa Kigusii, salamu ndefu ya mtoto kwa mama yake, akauliza habari za mwili, za shamba na za ng'ombe. Kisha akarudi nyuma hatua moja, akamwachia Kemuma nafasi.

Kemuma alisema yote, bila kupunguza. Bosibori alisikiliza huku akitazama chini. Alipoinua uso, macho yake hayakuwa yale ya jana.

"Jana uliketi hapo," alisema. "Ukanisikia nikijilaumu. Ukanyamaza."

"Ndiyo, magokoro."

"Hilo ndilo lililoniuma. Ubao ni ubao tu, huvuliwa. Lakini ulimwacha mtu mwingine abebe aibu yako, ukamtazama akiibeba." Akavuta kigoda kwa mguu akamsogezea. "Sasa umeibeba mwenyewe. Keti. Kiingereza msome sana, wote wawili, hata nami nisingekikataa. Ila jueni hili: akili ya kumshinda mwenzako kila mtu anayo kidogo. Ya kusema 'ni mimi' ndiyo adimu, nayo haifundishwi ubaoni."

"Hapo, mama, umenifundishia darasa langu," mwalimu alisema. "Kemuma, usiyasahau."

Siku tatu zilizobaki kabla ya mashindano, Kemuma alifyeka uwanja hadi jua lilipopungua, na baada ya kufyeka aliketi na Nyamusi akimuuliza maswali ya mashindano, moja baada ya jingine, bila kumwonea huruma anapokosea. Mwanzoni Nyamusi alijibu kama anayelipa kodi. Kufikia Alhamisi walikuwa wakicheka.

Ijumaa Nyamusi alikwenda Kisii na mwalimu. Kemuma alifyeka peke yake, malengelenge mkononi, akitazama barabara kila dakika. Walirudi jua likikaribia kutua. Nyamusi alikuwa wa pili. Kamusi ilichukuliwa na mvulana mmoja kutoka upande wa Nyamira.

"Ulikosa ngapi?" Kemuma aliuliza.

"Moja tu." Nyamusi aliketi kwenye nyasi zilizokatwa, akavua viatu vya kuazima vilivyombana. "Ungekwenda wewe, labda ungeipata ile kamusi."

Kemuma alifikiri. "Labda," alisema. "Lakini ningewezaje kuifungua mbele yako?"

Nyamusi alisimama, akachukua fyekeo la pili lililoegemezwa mtini, akaanza upande wa pili wa uwanja, ili wamalize kabla Sabato haijaingia.